Nilivyoiandika Lugalo nikiwa upande wa mpagazi

Nilianza na michezo ya redio, nikaingia tamthilia za televisheni, kisha filamu na riwaya. Kokote nilikopita, kilichonivuta ni historia, na hasa vita vya Wahehe. Vijana wanaoandika huniuliza mtu anaanzaje na jambo kubwa namna ile huku mfuko wa prodyuza ni mdogo. Nitaeleza nilivyofanya kwa skripti yangu ya vita vya Lugalo.

Tukio linafahamika. Tarehe 17 Agosti 1891 msafara wa kamanda wa Kijerumani Emil von Zelewski, aliyejulikana kwa jina la Nyundo, ulipita Lugalo, mashariki ya Iringa. Wapiganaji wa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, walikuwa wamejibanza kwenye majani na mawe. Zelewski aliuawa pamoja na sehemu kubwa ya kikosi chake. Askari wengi wa kikosi hicho walikuwa Wasudani na watu wa Msumbiji walioajiriwa na Wajerumani, na pamoja nao walikwenda wapagazi.

Nikamshika mpagazi. Maofisa huandikwa kwa jina na cheo. Mpagazi huandikwa kama idadi, na hapo ndipo mtunzi anapopata nafasi halali ya kubuni. Nina sharti moja ninalolishikilia sana: mtu aliyeandikwa kwenye kumbukumbu simtungii uamuzi ambao hakuufanya. Mkwawa kwenye skripti yangu haonekani kabisa. Anasikika kupitia wanaomhofu na wanaomsifu. Mpagazi nimemwacha aseme atakavyo, lakini nimembana kwa maisha ya wakati wake. Ana mzigo wa frasila mbili hivi, zaidi ya kilo 30. Ana kata kichwani, anamwogopa mnyapara, anawaza posho ya jioni. Nikishajua hayo, mazungumzo yanakuja yenyewe.

Vita vyenyewe ningevipigaje picha? Sare, bunduki, bomu la mzinga, mamia ya watu: hakuna prodyuza niliyemjua angekubali. Msaada ulitoka kwenye masimulizi ya Wajerumani wenyewe, yanayosema ofisa mmoja alimfyatulia ndege risasi, na mlio ule ukawaamsha Wahehe kabla ya wakati waliopanga. Niliposoma hapo nilisimama, nikatembea chumbani. Sini nzima ilikuwa imeshapatikana: mpagazi ameinama kufunga mzigo, risasi moja inalia, ndege wanaruka, halafu majani yanasimama yakiwa watu. Baada ya hapo kamera inabaki chini, kwenye miguu inayokimbia na mizigo iliyotupwa. Mengine ni sauti. Mwongozaji aliipenda, na gharama ikashuka kiasi cha kuzungumzika.

Vita kamili nikavipeleka kwenye riwaya. Kwenye karatasi jeshi zima halina gharama, nami nilimpa msomaji kila kilima na kila mkuki.

Kabla ya kumaliza nilikwenda Kalenga, yalikokuwa makao ya Mkwawa. Mzee aliyenipokea nilimsalimu kwa Kihehe, “Kamwene,” akacheka, akanikaribisha. Nikamuuliza nani alimuua Nyundo. “Mjukuu wangu, ni kijana mdogo aliyemuua, kwa mkuki,” akasema. “Mdogo kuliko wewe.” Nikamuuliza tena, ana hakika? “Babu zangu waliniambia. Wewe ulitaka nani akuambie?” Jibu lile nimeliweka kwenye skripti bila kulipunguza, linasemwa na bibi mmoja. Wahehe wanazungumza Kihehe, na maandishi ya Kiswahili yanapita chini ya picha. Prodyuza alitaka wote waseme Kiswahili ili ieleweke haraka. Nilikataa, na nashukuru alinielewa.

Sasa naandika juu ya fuvu la Mkwawa. Mkwawa alijiua Julai 1898 akikwepa kukamatwa, na kichwa chake kikachukuliwa na Wajerumani. Mkataba wa Versailles wa 1919, ibara ya 246, uliitaka Ujerumani ilirudishe fuvu hilo ndani ya miezi sita. Lilirudi 1954. Gavana wa Tanganyika, Edward Twining, alilichagua mwenyewe katika makumbusho ya Bremen na kulikabidhi Kalenga kwa Chifu Adam Sapi Mkwawa, mjukuu wa marehemu. Hadithi hii nimeipanga ndani ya chumba kimoja cha Bremen: rafu za mafuvu, Gavana, na karani wa makumbusho niliyembuni, anayepima na kuandika. Chifu bado sijampa hata sentensi moja. Kwanza nataka kukaa na wazee wa Kalenga, nisikie siku ile inavyosimuliwa kwao.