Kabla ya kwenda kwa wakili, nionyeshe tangazo la kazi

Walimu wenzangu wakinyimwa nafasi ya kufundisha lugha katika shule ya msingi, wengi hunipigia mimi simu kwanza. Mimi si wakili. Nimefundisha kusoma na kuandika madarasa ya chini kwa miaka mingi, na hukumu nilianza kuzisoma kwa sababu nilichoka kuona watu wazuri wakipoteza haki zao kwa kutojua waanzie wapi.

Siwaulizi barua ya kukataliwa. Nawauliza tangazo la kazi, lile lile lililobandikwa, neno kwa neno. Wengi hawana tena, na kesi nyingi hufia hapo. Tangazo likisema tu kwamba mwombaji "awe anaijua lugha vizuri", bodi itadai cheti, mwombaji atasema lugha hiyo amezaliwa nayo, na mshindani wake ataleta shahada ya ualimu huku akisoma kwa kubabaisha. Kila mmoja ana hoja, na hakuna kilichopimwa.

Rafiki yangu alikuwa akifundisha kwa mkataba wa muda katika shule ile ile iliyotangaza nafasi ya kudumu. Alikataliwa kwa kuwa cheti chake kimeandikwa "elimu ya lugha" bila kutaja ni lugha ipi. Nilipoiona karatasi ya alama nilishikwa na hasira. Alikuwa amepewa alama za chini za ufasaha wa kuzungumza, na katika jopo zima la usaili hapakuwa na mtu hata mmoja anayeizungumza lugha ile. Wangejuaje kama amepatia au amekosea?

Hapo kesi ilikuwepo, ila si ile aliyoitaka. Yeye alitaka jaji atamke kwamba ndiye mwalimu bora, na kwa kawaida jaji haingii huko. Huuliza kama jopo lilifuata vigezo vilivyotangazwa, kama waombaji wote walipimwa kwa kipimo kimoja, kama sababu zilitolewa. Huuliza pia kama mlalamikaji amefika kabla ya muda kwisha, na swali hilo limezika malalamiko mengi ya haki, maana siku za kupinga uamuzi wa namna hii mara nyingi ni chache, na mwalimu huzimaliza akingoja mtu "aongee na wakubwa".

Wapo wanaoniambia kwamba sharti la lugha lenyewe ni ubaguzi. Hao huwaeleza kesi ya Anita Groener, Mholanzi aliyekuwa akifundisha sanaa katika chuo kimoja cha Dublin. Chuo, si shule ya msingi, lakini hoja ni ile ile. Alinyimwa ajira ya kudumu baada ya kufeli mtihani wa kuzungumza Kiayalandi, ingawa masomo yake hasa yalifundishwa kwa Kiingereza. Mwaka 1989 Mahakama ya Haki ya Jumuiya za Ulaya ililikubali sharti hilo: nchi ina haki ya kuikuza lugha yake, na walimu wana sehemu kubwa katika kazi hiyo. Ila kiwango kinachodaiwa kisipite lengo lake, kisitumike kibaguzi, na mtu asilazimishwe kuwa amejifunzia lugha ndani ya nchi hiyo. Naikubali hukumu hii, ingawa namhurumia mwalimu yule. Kama sharti linafaa kwa mwalimu wa sanaa, kwa anayemfundisha mtoto herufi zake za kwanza linafaa zaidi, mradi lipimwe kweli.

Nawakumbusha pia Robert Meyer wa Nebraska, aliyetozwa faini ya dola 25 kwa kumfundisha mtoto wa miaka 10 kusoma Kijerumani. Mwaka 1923 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimpa ushindi, ikisema haki yake ya kufundisha, na haki ya wazazi kumpa kazi hiyo, ni sehemu ya uhuru. Kesi hiyo haikuhusu uteuzi, lakini wazazi wametajwa, nami napenda wakumbukwe.

Rafiki yangu mwishowe alishinda, na ushindi wenyewe ukawa huu: uteuzi umebatilishwa, usaili urudiwe. Kazi hakupewa. Muda wote shauri lilipokuwa likiahirishwa, amri ya muda ilizuia mtu yeyote kuthibitishwa, na darasa lile likafundishwa na mwalimu yeyote aliyekuwa na kipindi cha bure. Watoto walipanda darasa hawajui kuunganisha silabi. Hawakuwa upande wowote wa kesi, na hakuna hati ya kiapo iliyowataja.

Tangazo jipya limetoka. Safari hii linasema mwombaji atasoma kifungu kwa sauti, ataandika insha fupi, na atatahiniwa na mtu anayeijua lugha. Rafiki yangu ameomba tena. Yule aliyebatilishiwa ameomba pia, na ana haki hiyo. Nimewaambia wote wawili waweke nakala.