Kidole gumba cha Mick Doohan

Ukitaka kumwelewa Mick Doohan, bingwa wa mbio za pikipiki, anza na hesabu ya pointi za 1992. Mshindi wa mbio alipata 20, wa pili 15, na ni kumi bora tu walioandikiwa kitu. Katika mbio saba za mwanzo za daraja la cc 500, Mwaustralia huyu alishinda tano, mbili akawa wa pili: pointi 130. Kisha Juni, katika mazoezi ya Assen, Uholanzi, akaanguka na mguu wa kulia ukavunjika chini ya goti. Msimu ulipoisha alikuwa na 136. Wayne Rainey wa Marekani alikuwa na 140, na ubingwa ukaenda kwake.

Zile sita za nyongeza alizipata Kyalami, Afrika Kusini, kwa kumaliza wa sita. Kabla ya hapo Brazil alikuwa wa 12, hakupata kitu. Na huo ni mguu ambao wiki chache tu nyuma ulikuwa karibu ukatwe.

Kilichotaka kuuondoa mguu hakikuwa mfupa, kilikuwa uvimbe. Misuli ya mguu imefungwa ndani ya utando mgumu usiotanuka. Ikivimba baada ya kuvunjika au kupasuliwa, shinikizo hupanda mpaka damu ikashindwa kupita, na baada ya saa kama sita hivi misuli huanza kufa. Wanaboda wa Nairobi wanapaswa kuzijua dalili zake kama wanavyojua bei ya petroli: maumivu yanayozidi jeraha lenyewe na kuikataa dawa, maumivu makali mtu akikunyoosha vidole vya mguu, ngozi iliyokaza kama ngoma, na ganzi. Usidanganyike kwa sababu mapigo ya damu bado yanasikika. Yanaweza kuwepo na misuli inakufa. Plasta au bandeji ipasuliwe mpaka ngozi ionekane, mguu ulazwe usawa wa moyo, usiinuliwe juu, na daktari wa upasuaji aitwe saa hiyo hiyo ili aukate ule utando. Mwunga mifupa anayekaza vijiti na kamba ili "mfupa ushike" anaweza kukuletea balaa hili kwa mkono wake.

Kwa Doohan, Claudio Costa, daktari wa waendeshaji wa mbio hizo, alimhamishia Italia na kuishona miguu yote miwili pamoja, ili damu ya mguu mzima iulishe ule mbovu. Alikaa hivyo karibu wiki mbili. Mguu ukabaki, ila kifundo kilikuwa kimekakamaa: hakikunji vya kutosha kukanyaga pedeli ya breki ya nyuma.

Hapa ndipo wengi husifu ujasiri wake na kuisahau pampu ya breki. Mwaka 1993 Honda yake NSR500 iliwekewa kitenzo kidogo, yaani mkono mfupi wa breki, upande wa kushoto wa usukani, chini ya mkono wa klachi, kinachosukumwa kwa kidole gumba. Kidole gumba ni dhaifu, kwa hiyo pistoni ya pampu lazima iwe nyembamba: nguvu ileile ikikandamiza eneo dogo hutoa shinikizo kubwa zaidi. Gharama yake ni mwendo mrefu wa kitenzo, na kiputo kimoja cha hewa kwenye bomba la mafuta ya breki kinatosha kukifanya kigonge usukani bila breki kushika. Breki ya nyuma haihitaji nguvu nyingi, maana ukipunguza mwendo uzito hukimbilia gurudumu la mbele.

Kumbe kifaa cha mgonjwa kilikuwa na faida hata kwa mzima. Ukilala kwenye kona ya kulia, mguu wa kulia umebanwa kati ya pikipiki na lami, na pedeli haifikiki vizuri. Kidole gumba kinafikika muda wote. Doohan aliweza kuituliza tairi ya nyuma iliyotaka kuteleza, kuibana njia ya kona na kulizuia gurudumu la mbele lisiinuke, katika injini ya tustroki yenye zaidi ya nguvu za farasi 160. Boxer ya cc 150 ina kama 12.

Mwaka 1993 alishinda mara moja tu, Mugello, Italia. Kisha akatwaa ubingwa mara tano mfululizo, 1994 hadi 1998, fundi wake mkuu akiwa Jeremy Burgess. Mwaka 1997 alishinda mbio 12 kati ya 15. Kati ya ushindi wake 54 wa cc 500, 45 ulikuja baada ya Assen. Kilichomtoa ulingoni ni ajali nyingine, Jerez, Hispania, Mei 1999.

Je, fundi wa Nairobi anaweza kumfungia mwanaboda mwenye kifundo kibovu breki kama hiyo? Kwenye boda nyingi, hapana. Breki ya nyuma ni ya drum inayovutwa na fimbo ya chuma, na kebo ya kidole gumba haitaivuta ikashika. Kwa pikipiki yenye diski nyuma inawezekana, lakini kuna kosa ambalo fundi wa haraka atalifanya: kuunganisha pampu mbili kwa kiungo cha njia tatu. Ukisukuma moja, mafuta yanarudi kwenye kikopo cha nyingine, na breki haipo. Ama pampu ya mguu iondolewe kabisa, bomba jipya liende moja kwa moja kwenye kaliba (kibanio cha diski), ama pampu ya kidole ipitishe mafuta ndani ya ile ya mguu, ikiwa imetengenezwa kwa mpangilio huo. Baadaye toa hewa mpaka kitenzo kiwe kigumu, halafu kifunge kwa waya usiku kucha kikiwa kimekandamizwa na kijaribu tena asubuhi.

Kwa anayetafuta riziki tu, skuta ni rahisi kuliko ufundi wote huo: breki zote mbili ziko mikononi, mkono wa kushoto ndio wa nyuma, na hakuna gia za kukanyaga.