Nilivyopata Mizani ya Kuaminika Katika Wodi ya Watoto

Kila nilipolalamika kwamba mizani ya wodi yetu haieleweki, nilipewa ushauri uleule: chukua umri wa mtoto, ongeza 4, zidisha mara 2, uzito umepatikana. Muuguzi mmoja aliyenitangulia kazini, ambaye kwa mengine namheshimu sana, alizoea kuniambia, "Mdogo wangu, mizani ya nini na wewe una macho?" Kwa kanuni hiyo mtoto wa miaka 2 ana kilo 12, ilhali wanaolazwa kwetu kwa utapiamlo mara nyingi wana kilo 7 au 8. Maziwa ya F-75, yale ya kuanzia matibabu ya utapiamlo mkali, huanza kwa mililita 130 kwa kila kilo kwa siku, hivyo anayemkisia wa kilo 8 kuwa ana 12 atamnywesha zaidi ya nusu lita ya ziada, na moyo wa mtoto aliyedhoofu kiasi hicho unaweza kushindwa kuhimili. Hata dawa ya mseto ya malaria ina mpaka wake: aliye chini ya kilo 15 hupewa kidonge 1 kwa dozi, na aliyefika 15 hupewa 2. Macho gani yanaona mpaka huo?

Mizani yetu ni ile ya kuning'iniza yenye uso kama wa saa, mwisho wake kilo 25. Kurudisha mshale kwenye sifuri hakutoshi, kwa kuwa springi iliyochoka huweza kusema kweli kwenye sifuri na uongo kwenye kilo 8. Nilihitaji kitu chenye uzito unaojulikana, na hapo ndipo mwenzetu mwingine alipopendekeza sukari: pakiti 5 za kilo moja moja, zifungwe pamoja kwenye mfuko, zitundikwe kila asubuhi. Wazo lilipendeza, na kwa muda mshale ulitulia kwenye 5 kama ulivyotakiwa. Baadaye ukaanza kushuka kidogo kidogo, na baadhi yetu tayari walishika bisibisi ili waisahihishe mizani. Nilikataa, nikaufungua mfuko. Pakiti ya chini kabisa ilikuwa imekatwa pembeni, ikakunjwa kwa ustadi na kuzibwa kwa plasta ya hospitali, tena kwa mkono wa mtu anayejua kufunga kidonda. Mizani haikuwa na kosa lolote. Zamu ya usiku ilikuwa na chai.

Nikahamia kwenye maji, ambayo hakuna anayeyaiba. Nilinunua dumu la lita 5 kwa bei ya kawaida tu ya sokoni, nikalipeleka kwa muuza nafaka mwenye mizani ya kielektroniki iliyokaguliwa na Wakala wa Vipimo na yenye stika ya mwaka huo. Tulijaza maji hadi yakazidi kidogo, kisha tukayapunguza kwa kijiko mpaka dumu na maji yake vikasoma kilo 5 kamili. Kizibo nilikizungushia plasta, na ubavuni nikaandika kwa kalamu ya wino mzito: KILO 5, SI YA KUDEKIA. Maandishi hayo ya mwisho yaliongezwa baada ya dumu kuokolewa mikononi mwa mtu wa usafi.

Mtoto avuliwe nguo zote, na nepi pia, maana nepi iliyolowa ina uzito wake. Anayerusha miguu msisubiri anyamaze kabisa, hamtamaliza foleni. Kuna nukta fupi kati ya kilio na kilio anapovuta pumzi, na mshale hutulia hapo. Usomeni macho yakiwa usawa nao, la sivyo mrefu na mfupi watatofautiana.

Wapo wanaompima mama akiwa na mtoto, kisha mama peke yake, halafu wanatoa. Kwa mizani ya kielektroniki iliyowekwa juu ya sakafu iliyo sawa, sina ugomvi nao. Ila ile ya bafuni yenye mistari ya nusu kilo hukosea mara mbili, na kwa mtoto wa kilo 4 makosa hayo ni mengi mno. Yetu ya bafuni niliijaribu kwa madumu ya lita 20 yaliyopimwa kulekule kwa muuza nafaka: kwa dumu moja ilisema kweli, kwa matatu ikapunguza kilo 2 nzima. Sasa iko stoo.