Nimerudi Bagamoyo, na bado namuwaza Heather Headley

Tangu nirudi, kila anayekuja kunisalimia ananiuliza Marekani nilikuwa nafanya kazi gani. Nikijibu kwamba nilikuwa mvalishaji wa waigizaji, wengi wanadhani nilikuwa fundi cherehani. Hapana. Cherehani ni kazi ya wengine. Mimi nilikuwa nasimama gizani nyuma ya pazia, gauni nimelifungua tayari, viatu nimevipanga vinatazama mbele. Mwigizaji anatoka kwenye taa mbio, ananyoosha mikono juu, gauni la kwanza linavuliwa, la pili linaingia, zipu, kiatu cha kushoto, cha kulia, funda moja la maji, na huyo karudi jukwaani anaimba. Maiki yake imefichwa ndani ya wigi, waya umeshuka shingoni hadi kwenye kisanduku kilichofungwa kiunoni, na mvalishaji akivuta nguo vibaya sauti inakatika mbele ya ukumbi mzima. Watu wakishaondoka, nafua kwa mkono zile za ndani zilizolowa jasho, kwa sababu kesho zinatakiwa tena.

Na kesho zinatakiwa kweli. New York mwigizaji wa michezo ya kuimba ana maonyesho manane kwa wiki. Anapumzika siku moja. Kuna siku anaimba mchana, anakula kidogo, anaimba tena usiku. Nimevalisha wanawake ambao nyumbani hawazungumzi kabisa, wanaandika kwenye karatasi kumwambia mume akanunue mkate, ili sauti ibaki ya jukwaani.

Katika wote niliowahi kuwaona, aliyenifunza maana ya kazi hii ni Heather Headley, mwigizaji na mwimbaji, na sikuwahi kumvalisha. Nilimwona nikiwa nimekaa juu kabisa, kwenye viti vya bei nafuu vya ukumbi wa Palace, New York, mwaka 2000, akicheza kwenye mchezo wa kuimba uitwao Aida, yeye mwenyewe akiwa Aida, binti mfalme wa Nubia aliyechukuliwa mateka Misri. Muziki ni wa Elton John, maneno ya Tim Rice. Heather alikuwa na umri wa miaka 25. Kuna mahali Wanubi wenzake wanamzunguka wakimtaka awaongoze, na yeye hataki, anaogopa, kisha anakubali. Nilikuwa mbali kiasi kwamba uso wake sikuuona vizuri. Lakini mgongo wake niliuona ukinyooka taratibu, pumzi kwa pumzi, na kila pumzi sauti ikapanda. Mwezi Juni mwaka huo akapewa tuzo ya Tony, ile kubwa ya michezo ya jukwaani Marekani, ya mwigizaji bora wa kike katika mchezo wa kuimba, na mimi nilifurahi kama ndugu yangu ndiye aliyepata.

Kwa nini ndugu? Kwa sababu naye ni mtu wa kuhama. Alizaliwa Trinidad mwaka 1974, baba yake mchungaji, sauti ikakulia kanisani. Akiwa na miaka 15 familia ikahamia Fort Wayne, jimbo la Indiana, kwenye baridi kali. Akaimba shuleni, akaenda kusoma sanaa ya jukwaa Chuo Kikuu cha Northwestern, na kabla ya kumaliza akaacha chuo kwa sababu alipata nafasi kwenye mchezo wa Ragtime kule Toronto. Na ni nafasi gani hiyo? Alikuwa mbadala. Mwenye sehemu yake alikuwa Audra McDonald, ambaye leo ana tuzo sita za Tony. Mbadala anajifunza kila wimbo na kila hatua, anafika ukumbini kila siku, anakaa tayari, na mara nyingi anarudi nyumbani bila kuguswa na taa. Hiyo ndiyo ngazi yake ya kwanza.

Ngazi ya pili wengi wanaijua bila kujua. The Lion King, mchezo wa kuimba uliotokana na ile filamu ya simba, ulipoingia New York Novemba 1997, Nala wa kwanza, yule simba jike mpenzi wa Simba, alikuwa yeye. Pembeni yake alikuwepo Tsidii Le Loka, mzaliwa wa Lesotho, aliyecheza Rafiki, yule nyani ambaye kwenye filamu ni mwanamume, kwa sababu mwongozaji Julie Taymor aliamua Rafiki wa jukwaani awe mwanamke. Simba, Rafiki, Pumbaa: majina yetu yanaitwa usiku baada ya usiku pale New York hadi leo, na ule mwito wa mwanzo unaosisimua ni wa Kizulu. Nilikuwa nikiwaambia wenzangu hivyo kila nilipopata nafasi, maana wao kwao Afrika yote lugha moja.

Kisha Aida. Mchezo huo ulipitia Atlanta mwaka 1998 na mitambo ya jukwaa ikasumbua. Ukafumuliwa, ukashonwa upya, ukaenda Chicago. Huko, katika onyesho moja mwaka 1999, lile kaburi wanamofungiwa wapenzi wawili mwishoni, lililokuwa limeinuliwa juu, likaanguka wakiwa ndani, yeye na Adam Pascal, aliyecheza mpenzi wake. Wakapelekwa hospitali, bahati njema hawakuumia sana, wakaendelea na kazi. Kwa hiyo yule niliyemwona Palace alikuwa ameshabeba Aida katika miji miwili kabla. Ule mgongo ulionyooka mbele yangu ulishanyooka mamia ya mara. Baadaye alirekodi albamu, akapata tuzo ya muziki ya Grammy kwa nyimbo za injili, akaenda London mwaka 2012 kucheza The Bodyguard, akarudi New York mwaka 2016 kwenye The Color Purple. Lakini mimi ninachokishika ni ile miaka ya mwanzo, ya kurudia.

Sasa nipo nyumbani. Mama amezeeka, zamu yangu imefika. Ukumbi wa Chuo cha Sanaa nilipojifunzia kuimba na kucheza ngoma uliungua mwaka 2002 nikiwa mbali, chuo chenyewe sasa ni TaSUBa, yaani Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, kina ukumbi mpya mkubwa, na upepo wa bahari ni ule ule.

Binti wa kaka yangu anaigiza. Kikundi chao kilitunga mchezo wa kuimba kuhusu mjane ambaye watu wanataka kumnyang'anya shamba, yeye ndiye mjane. Walifanya mazoezi miezi mitatu, mara nyingi uani kwetu, mavazi yakawa khanga za mama zao. Usiku wa kwanza alipofika kwenye wimbo wa kukataa kutia dole gumba kwenye karatasi, sauti ilimpotea kule juu, akaimalizia kwa kulia. Watu walipiga makofi kwa huruma. Usiku wa pili alisubiri. Aliiangalia ile karatasi, akavuta pumzi kutoka tumboni, akaanza chini kabisa, na alipopanda hakutetereka. Mwanamama aliyekaa mbele yangu alisimama na kumtunza palepale.

Ukawa mwisho. Siku mbili tu, basi, jukwaa likavunjwa. Akaniambia, "Shangazi, ndiyo kwanza nilikuwa nimeanza kumjua huyu mama." Maneno hayo yameniuma.

Na sisi tulishakuwa nayo haya. Miaka ya tisini pale Dar, vikundi vya sanaa, Muungano ya Norbert Chenga na TOT (Tanzania One Theatre) ya John Komba, walikuwa wanazunguka kumbi na baa kila wiki, usiku mmoja una ngoma, sarakasi, kichekesho, mchezo na taarabu. Waimbaji wa taarabu, Khadija Kopa upande wa TOT, Nasma Khamis upande wa Muungano, wanarushiana vijembe na watu wanafuata kutoka ukumbi hadi ukumbi kusikia jibu. Hakuna aliyewafundisha darasani namna ya kumshika mtazamaji. Wamejifunza kwa kusimama mbele yake leo, na kesho, na keshokutwa.

Leo mchezo unatungwa kwa ajili ya tamasha au kwa fedha za mradi. Mwenye fedha anataka onyesho moja la uzinduzi, picha, ripoti. Hakuna anayelipia usiku wa kumi, na mwigizaji huiva karibu na huo usiku wa kumi. Mabinti wenye sauti wanaishia kwenye harusi, au wanaacha.

Nimekaa na kikundi cha binti yetu tukapiga hesabu ya kuucheza tena bila mfadhili. Jukwaa la mbao halihitajiki, mkeka unatosha. Maiki haihitajiki, uwanja ni mdogo. Kinachohitajika ni nauli, chakula cha waigizaji na mahali pa kudumu, na mwenye mgahawa mmoja karibu na ufukwe ametukubalia uwanja wake wa nyuma kila Jumamosi hadi Ramadhani. Kila sehemu kubwa itakuwa na mbadala. Nguo nitasimamia mimi. Tunaanza Jumamosi ijayo baada ya Isha, kiingilio shilingi 3,000, watoto bure.