Siku niliyomwambia mgonjwa ashikilie pumzi

Fomu ilikuja na mstari mmoja tu, tumbo kujaa maji, sirosisi (makovu ya ini), angalia ini na mshipa wa pota (unaoingiza damu ya matumbo kwenye ini). Ukishafanya kazi ya ultrasaundi miaka kadhaa fomu za hivi unazipokea kila wiki, mkono unajua wenyewe pa kuanzia. Mgonjwa akaingizwa kwa kiti cha magurudumu, mwanaume wa miaka arobaini na kitu, mikono imekonda mpaka mifupa inahesabika lakini tumbo limetuna na miguu imevimba hadi magotini. Mkewe ndo alikuwa anaongea. Akaniambia huyu pombe hajawahi kuigusa maisha yake yote, homa ya ini wamempima B na C hana, maji tumboni wameshayatoa mara 3 na kila yakitoka yanarudi. Halafu akanipa bahasha ya vipimo vya nyuma, nikachomoa ripoti iliyokuwa juu nikaanza kusoma, kufika chini nikakuta sahihi yangu.

Kumbe miezi minne kabla nilimpima mimi mwenyewe na hata sura sikuikumbuka. Nilikuwa nimeandika ini kubwa, chembechembe zake hazijakaa sawa, maji mengi tumboni, inaelekea ni sirosisi. Na mishipa ya vena ya ini niliipima, wa kulia nikaandika milimita 12, nikaweka nukta nikaendelea na wengu. Ile 12 ilinikausha koo palepale, kwa sababu ini la sirosisi limejaa makovu na makovu yanaibana ile mishipa, inakuwa myembamba hadi unahangaika kuiona. Ya huyu ilikuwa minene. Mshipa unaotoka kwenye ini ukinenepa maana yake damu imekwama huko mbele, na mbele ya ini hakuna kingine, ni moyo.

Kwa asiyejua, mishipa hii mikubwa ni mitatu, wa kulia, wa kati na wa kushoto, inakutana juu kabisa ya ini na kumwaga damu kwenye vena kava ya chini, mshipa mkuu unaorudisha damu moyoni, na kutoka hapo hadi atria ya kulia, chumba cha juu cha moyo, ni sentimita chache sana. Katikati hapo hakuna mlango. Hakuna vali ya kuizuia damu isirudi, kwa hiyo chochote kinachotokea kwenye atria, presha ikipanda, ikishuka, ikigoma, kinafika kwenye ini papo hapo. Ukiweka Dopla, yaani ultrasaundi inayosoma mwendo wa damu, kwenye ule mshipa unakuwa unausikiliza moyo ukiwa umekaa kwenye ini.

Basi nikampaka jeli, nikaweka probu, kile kifaa cha kushika mkononi, chini ya mbavu, nikaupata mshipa wa kati, nikaweka kidirisha cha Dopla kama sentimita 2 kabla haujaingia vena kava. Na hapo nikasema kile ninachokisema kila siku bila kufikiri, baba vuta pumzi, shikilia. Kwa picha za tumbo hilo neno ni sahihi, ini linashuka kutoka chini ya mbavu na picha inatulia. Akavuta, akashikilia, uso ukaanza kubadilika rangi, mimi natazama mawimbi na naona yamelala tu, madogo, hayana umbo. Nilikuwa nashusha kidole kusimamisha picha yeye akashindwa akaachia pumzi yote kwa mkupuo, na skrini ikiwa bado inakimbia nikaona ule mstari umeruka juu ya mstari wa kati. Kwenye mshipa wa ini damu inayokwenda moyoni inachorwa chini, inayorudi inachorwa juu. Ile ilikuwa inarudi, na siyo kidogo.

Nikasema ni probu imeteleza. Nikarudia, ashikilie tena, na tena alipoachia ikatokea vilevile. Mara ya tatu sikurudia, nikaenda kumwita dada mmoja wa kitengo cha eko, yaani ultrasaundi ya moyo, mtu mzima kuliko mimi na ameniona nikianza kazi.

Akaja, akasimama nyuma yangu hata dakika haijaisha akaniuliza, "Umemwambia ashikilie pumzi?" Nikamwambia ndiyo. "Mwache apumue bwana. Unachokitafuta kimo humohumo kwenye pumzi, wewe unamwambia aifunge."

Akachukua kiti. Akambandika kifuani nyaya tatu za ECG, zinazochora umeme wa moyo, jambo ambalo sisi wa tumbo hatulifanyi kabisa na sasa hivi naona ni kosa kubwa, maana bila ECG unaona mawimbi lakini hujui ni ya saa ngapi ya pigo. Akashusha spidi ya skrini hadi milimita 25 kwa sekunde ili pumzi mbili tatu zienee kwenye picha moja. Akapunguza skeli, akapunguza filta, ili hata damu inayokwenda polepole ionekane. Mashine yetu haikuwa na mstari wa kuonyesha upumuaji, kwa hiyo mkono wa kushoto akauweka juu ya kifua cha mgonjwa akawa anasema taratibu, "ndani... nje... ndani... nje," akamwambia baba, pumua kama umelala nyumbani kwako, usinisaidie chochote.

Moyo wenye afya ungeandika hivi. Ventrikali, chumba cha chini, inapokamua, vali ya trikaspidi, mlango wa kati yake na atria ya kulia, inavutwa kwenda chini, atria inafunguka na kufyonza damu, hilo ndo wimbi S, linashuka chini na ndo kubwa kuliko yote. Moyo unapojilegeza vali inafunguka damu inashuka tena, wimbi D, dogo kidogo kuliko S. Mwisho kabisa atria inajikamua yenyewe na kijidamu kidogo kinarudishwa juu, wimbi A. Chini, chini, juu kidogo. Watu wa fani wanaizoea hadi wakifumba macho wanaiona.

Ya huyu baba akivuta hewa, damu ilikuwa inashuka vizuri tu. Akianza kuitoa, kuanzia pigo la kwanza kabisa, D inakatika, na mwishoni mwa kulegea kwa moyo unapanda mlima juu ya mstari. Akivuta unapotea, akitoa unarudi. Akivuta, akitoa. Tulikaa tunaangalia hivyo dakika nzima hakuna aliyesema kitu, naikumbuka hata sauti yake ile ya spika ya mashine, kama mtu anayefua nguo halafu anasita.

Dada akaniwekea kidole kwenye skrini akaanza kunihesabia. Ingekuwa ni vali ya trikaspidi inavuja sana, kinachogeuka juu kingekuwa S, wakati wa kukamua, pigo kwa pigo, apumue asipumue. Angekuwa na atria inayotetemeka ovyo, A isingeonekana kabisa. Ingekuwa misuli yenyewe ya moyo ndo imekakamaa, damu ingerudi zaidi akivuta hewa. Hii inarudi akitoa. Hii ni ganda, akasema, mfuko wa moyo umekuwa ganda.

Nilielewa vizuri baadaye nikiwa peke yangu. Moyo ukiwa ndani ya ganda gumu nafasi yake ni ileile, haiongezeki, kwa hiyo kulia na kushoto wananyang'anyana. Mtu akitoa hewa, upande wa kushoto unapata damu zaidi, ukuta wa kati unasukumwa kulia, upande wa kulia unakosa pa kuipokea damu yake, na damu iliyokosa nafasi inarudi ilikotoka, yaani kwenye ini. Ini likikaa hivyo miaka linavimba, linaanza makovu, maji yanajaa tumboni, na mtu kama mimi anaandika sirosisi.

Tukapima. Damu inayorudi sentimita 24 kwa sekunde, inayokwenda mbele kwenye D hiyohiyo ya kutoa pumzi 27. Ukigawanya unapata 0.89. Watafiti wa Mayo Clinic, hospitali ya Marekani, walichapisha mwaka 2014 kwamba uwiano huo ukifika 0.79 ni dalili nzito ya moyo kubanwa na mfuko wake, na dada hiyo namba alikuwa nayo kichwani. Akafungua faili akatafuta majibu ya yale maji ya tumboni, protini gramu 3.8 kwa desilita. Ya sirosisi kwa kawaida haivuki 2.5. Lile jibu lilikuwa limekaa humo muda wote.

Halafu akamgeukia mgonjwa. "Baba, uliwahi kuugua TB?"

Akasema ndiyo, miaka tisa iliyopita, alimeza dawa miezi sita akamaliza, akapona. TB ni moja ya magonjwa yanayoweza kuuacha mfuko wa moyo umekuwa ganda. Mkewe akatutazama kwa zamu, akasema hakuna aliyewahi kutuuliza hilo. Hata mimi sikuuliza mara ya kwanza, na hata shingo yake sikuitazama, mishipa ya shingoni ilikuwa imesimama hadi karibu na sikio akiwa amekaa wima, ungeiona ukiwa mlangoni.

Kabla hawajatoka nikamwambia yule mama ukweli, kwamba ile ripoti ya kwanza niliiandika mimi, na kwamba upana wa mishipa niliuona nikaupita. Nilitegemea aseme chochote na alikuwa na haki. Akauliza tu, "Sasa leo umeona nini?" Nikamweleza kadiri nilivyoweza, nikamwambia ini la mumeo linaumwa lakini halikuanza lenyewe. Na ripoti mpya niliandika wazi kwamba inafuta ya kwanza, maana ripoti ya kale ikibaki kwenye faili daktari mwingine ataisoma na ataiamini.

Eko kamili ilifanyika kesho yake, ukuta wa kati ulikuwa unarukaruka kila akipumua. CT, picha ya eksirei ya tabaka kwa tabaka, ikaonyesha chokaa imeuzunguka moyo kama ganda la yai. Upasuaji wa kubandua lile ganda ni mkubwa na una hatari yake, walielezwa yote wakakubali. Kwa siku ile na mbili zilizofuata kazi yangu niliifanya lakini akili haikuwepo.

Alirudi kwangu miezi mitatu baadaye, anatembea. Tumbo limeshuka, hakuna maji hata kidogo. Nikabandika ECG mwenyewe, nikashusha spidi, nikamwambia pumua kawaida. Mshipa wa kulia milimita 8. S inashuka chini vizuri, D bado ilikuwa ndefu kidogo kuliko inavyotakiwa, moyo uliobanwa miaka hauzoei siku moja, lakini akitoa pumzi mstari ulibaki chini. Nikaweka picha mbili kwenye skrini, ya siku ile na ya leo, nikamwita mkewe aje upande wangu aone. Akagusa ule mlima wa picha ya kwanza akauliza huu ulikuwa nini. Nikamwambia ni damu, ilikuwa inarudi. Akabaki ameinama kwenye skrini, mumewe huku nyuma amekaa kwenye ukingo wa kitanda anajifuta jeli.