Siku moja na gogo la mpingo

Saa 12 asubuhi nanoa. Patasi 6, tezo 2, kinoo na maji, mpaka makali yanyoe malaika ya mkononi. Mpingo ni mzito kiasi cha kuzama majini. Chuma butu kinateleza juu yake na kuishia kwenye kidole.

Saa 1 hadi saa 4 ni tezo tu. Sanamu ni ya mama aliyembeba mtoto mgongoni. Mabega yalishatoka jana, leo nilitaka kichwa cha mtoto.

Saa 4 na kitu mlio ukabadilika. Gogo zima hulia kama kengele. Hili likalia kama chungu chenye ufa. Nikapuliza vumbi, nikapitisha ukucha. Ufa mwembamba kama uzi, umeanzia bega la kushoto la mama, umepita katikati ya paji la uso wa mtoto. Mti hufanya hivyo ukikauka nje haraka kuliko ndani. Gundi na unga wa mpingo vingeuficha leo, halafu ufunguke tena mwakani, nyumbani kwa mtu. Hilo silifanyi.

Nikaweka nyundo chini, nikakaa. Nikaligeuzia gogo dirishani, nikachora kwa chaki, nikafuta. Nikafinyanga kidongo kidogo, kichwa cha mtoto kikilalia bega la kulia. Ndipo mteja akaingia.

"Afadhali leo fundi umepumzika."

Nilimwonyesha ufa, akaupitisha ukucha mwenyewe. Bado akauliza, si uongeze kidogo hapo? Mfinyanzi huongeza. Mimi natoa tu, na kilichotoka hakirudi. Ndiyo maana saa ngumu kuliko zote ni zile nyundo ikiwa imelala, na hizo hakuna anayezihesabu kwenye bei. Alikaa karibu saa nzima, akaondoka akiwa amenuna.

Baada ya hapo sikutazama saa tena. Kichwa kikahamia kulia. Ule ufa nikaufuata kwa patasi nyembamba kuanzia begani, nikaufanya ukingo wa mbeleko, mpaka nikaufikia mwisho wake. Kiganja kimekufa ganzi, vumbi jeusi limepenya barakoa.

Giza likiingia nilipitisha kidole gumba shavuni mwa mtoto. Bado kuna alama za tupa, na msasa utakula siku kadhaa. Lakini amelala, anaonekana amelala kweli. Nimewafunika kwa plastiki, upepo wa usiku usiwakaushe haraka.