Kwa Miguu Kutoka Konde Hadi Ras Kigomasha

Gari la abiria linalotoka Chake Chake huishia Konde, na wengi wanaotaka kuuona mnara wa taa wa Ras Kigomasha, kwenye ncha ya kaskazini ya kisiwa, hukodi pikipiki hapo hapo sokoni, wakafika rasini jua bado changa. Mimi huenda kwa miguu. Nimefanya hivyo kila mwaka tangu niliporejea kuishi Wete, kwa sababu sijapata kuona mahali pengine kisiwani Pemba ambapo ndani ya asubuhi moja mtu hutoka kwenye mikarafuu, akaingia msitu wa asili, akapita katikati ya miti ya mpira, kisha akajikuta anakanyaga mchanga mweupe wa pwani ya mashariki, na njia yote hiyo haina mlima wa kumkatisha mtu pumzi.

Kabla ya kuzungumzia njia, nizungumzie maji, maana ndiyo yanayopanga saa ya kuondoka nyumbani. Bahari yetu hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kila siku, na kila siku huchelewa kwa muda wa kama dakika 50 kuliko jana yake. Siku za bamvua, yaani mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, tofauti kati ya maji kujaa na maji kupwa hukaribia mita 4, na maji hupwa kabisa mnamo saa nne asubuhi. Siku za maji mafu bahari haiondoki mbali na saa zake hazimfai mtembezi wa asubuhi. Kwa hiyo mimi hutazama mwezi kwanza, nikachagua siku ya bamvua, nikatoka Konde mara baada ya sala ya alfajiri, ili nifike pwani maji yakiwa yamekwisha kupwa na nipate saa mbili za kutembea juu ya mchanga mgumu.

Sehemu ya kwanza ya njia ni ya udongo mwekundu na mikarafuu. Ukipita msimu wa vuno utayakuta majamvi yametandazwa kila penye nafasi, mbele ya nyumba na kando ya barabara, na karafuu zikiwa katika rangi zake zote: zilizochumwa jana bado za kijani zenye wekundu wa mbali, za siku mbili zimeanza kuiva jua, na zilizokauka zimekuwa za hudhurungi, ngumu, zinazolia ukizitia kiganjani na kuzitikisa. Karafuu huchumwa kabla ua halijafunguka, na kila kishada huchambuliwa kwa mkono ili kutenganisha karafuu na makonyo yake, kazi ambayo katika nyumba nyingi hufanywa usiku, watu wazima na watoto wakiwa wamekaa kulizunguka jamvi moja. Harufu yake huwa nzito mpaka inakaa ndani ya nguo. Ikumbukwe kwamba Pemba haikuwa kitovu cha zao hili tangu mwanzo. Kimbunga cha mwaka 1872 ndicho kilichoiangusha mikarafuu ya Unguja, kikaiacha ya Pemba kwa sehemu kubwa, na tangu hapo karafuu nyingi za Zanzibar zikawa zinatoka huku.

Mashamba hayo yaliota mahali palipokuwa msitu, na ndiyo maana mtu anapofika Ngezi hushituka. Ghafla udongo mwekundu unageuka mchanga, hewa inakuwa baridi, na mwangaza unapungua kama mtu aliyeingia ndani ya nyumba ya mawe kutoka juani. Msitu huu wa hifadhi una zaidi ya hekta 1,400, na barabara inaukata katikati. Lipa kiingilio chako penye kituo cha walinzi, ukamchukue mmoja wao akuongoze kwenye vijia vya ndani, kwa kuwa barabarani hutaona hata robo ya yaliyomo. Kuna mivule mikubwa ambayo watu watatu hawawezi kuizungushia mikono, na kuna mpapindi, mnazi wa porini wenye shina jembamba lililopigwa pingili kama mwanzi, ambao asili yake ni Pemba peke yake. Wamo kima punju, walioletwa kutoka msitu wa Jozani, Unguja, katika miaka ya 1970. Na wamo ndege wanne wasiopatikana popote duniani isipokuwa kisiwa hiki: bundi mdogo wa Pemba, ninga wa kijani, chozi, na kijindege cha manjano chenye duara jeupe kuzunguka jicho. Wenyeji wana mahali pao pa mizimu humo ndani, na mlinzi akisema njia fulani haipitwi, mfuate bila kumhoji sana.

Baada ya msitu huja shamba la mipira, lililopandwa kwa mistari iliyonyooka, kila gome lina makovu ya kisu yaliyokatwa kwa mshazari, na chini ya kovu kuna kikombe cha kukingia utomvu. Sipendi kukaa hapo muda mrefu, kwa sababu hapana ndege wala sauti. Njia inagawanyika: kushoto ni kuelekea Verani, kulia ni Vumawimbi. Mimi hushika kulia.

Jina la Vumawimbi linajieleza, nawe utalisikia kabla hujaiona bahari. Wakati wa maji kupwa, hata hivyo, pwani huwa kimya, na mvumo wenyewe uko mbali, kwenye mwamba ambako mawimbi yanapasukia. Mchanga ni mweupe na laini kama unga uliochungwa mara mbili. Wanawake huwa wameshatawanyika kwenye miamba, kanga zimefungwa kiunoni, kila mmoja na fimbo yake na ndoo, wakitafuta pweza. Hutembea wameinama, wakasimama ghafla penye tundu ambalo mimi naliona sawa na matundu mengine yote. Niliwahi kumwuliza mmoja anajuaje. Akanionyesha vipande vya magamba ya kaa vilivyorundikana mlangoni mwa tundu. Pweza hula ndani, akatupa nje mabaki, na mabaki hayo ndiyo yanayomfichua.

Ukielekea kaskazini mchanga unakatika katika sehemu kadhaa, na mahali pake panashikwa na maweni, kuta za mawe ya matumbawe zilizoliwa na maji kwa chini na zenye ncha kali kwa juu. Hapo ndipo nilipopata kujifunza heshima ya saa. Mwaka mmoja gari nililopanda liliharibika njiani, nikafika pwani saa sita badala ya saa nne, nami kwa ukaidi nikaendelea. Maji yalinikuta katikati ya maweni, yakanifika magotini, kisha mapajani, na nilipojaribu kupanda jiwe likanipasua kiganja. Bibi mmoja aliyekuwa akirudi na ndoo yake aliniita kutoka juu.

"Hapo hupiti, mwanangu. Rudi nyuma mpaka kwenye ule mkadi, ushike njia ya shambani."

Nilirudi. Nyuma ya mkadi palikuwa na kijia ambacho sikuwahi kukijua, kinachopanda taratibu, kikapita pembeni mwa shamba la mihogo, kikaingia hadi uani mwa nyumba ya watu na kutokea upande wa pili. Bibi alinitangulia. Penye ua alitoa salamu, akaitikiwa, akaulizwa mimi ni nani, akanijibia. Nilipewa maji ya kuoshea mkono na kitambaa cha kufungia, kisha tukaendelea na safari. Tangu siku hiyo nimegundua kwamba rasi yote ina vijia vya namna hiyo, visivyo na kibao wala ramani, ambavyo wenyeji huviacha wazi kwa sababu wanaokwenda pwani wanavihitaji maji yakijaa. Ada yake ni salamu. Ndiyo maana nilihuzunika sana safari iliyopita nilipokuta kimoja kimefungwa kwa waya mpya na nguzo za zege, na wanawake wa pweza wakilazimika kuzunguka mbali wakiwa na ndoo kichwani. Namwomba yeyote anayenunua ardhi huko aulize kwanza nani anapita hapo na saa ngapi.

Mnara wa taa uko kwenye ncha ya kisiwa. Ulijengwa mwaka 1900, ni wa chuma, na ngazi yake inazunguka ndani kama kombe la konokono. Ukiwa juu unaona bahari pande tatu: mashariki mwamba uliopita kando yake, kaskazini njia ya majahazi ya kwenda Shimoni, na magharibi mkondo wa Pemba, ambao kina chake hufikia mita 800 na rangi yake ni buluu nzito inayoanza karibu sana na ufuko. Ukigeuka kusini huoni nyumba hata moja isiyofunikwa na minazi.

Mchana hupumzika Verani, upande wa magharibi, chini ya kivuli, kisha jioni hurudi kwa barabara ya msituni. Ukichelewa kidogo utamsikia bundi wa Pemba, mlio mmoja mfupi, kimya, halafu mwingine kutoka upande usioutazamia. Na jua likishazama popo wa Pemba huanza kutoka kwenye miti waliyolala mchana kutwa, wakubwa, upana wa mbawa zao unazidi mita moja na nusu, manyoya yao mekundu kifuani. Mlinzi mmoja aliniambia kwamba utotoni mwake watu waliwawinda kwa bunduki mpaka wakakaribia kwisha, na kwamba sasa vijiji vyenyewe ndivyo vinavyowalinda. Safari iliyopita tulisimama naye barabarani tukiwahesabu walipokuwa wakipita juu yetu kuelekea mashambani. Tulifika 140, giza likatukuta, na bado walikuwa wanapita.